Kona ya Watu Watano

Casilda alidanganya hata kabla matembezi hayajaanza. Maite, msichana mwenye mwavuli wa njano aliyekuwa akiwaongoza, alizunguka akimuuliza kila mgeni ametoka wapi. Maharusi wawili wakasema Valencia, bwana mwenye kamera akasema Madrid, na Casilda akasema Soria. Hajawahi kulala Soria hata usiku mmoja. Nyumba yake iko nyuma ya soko, mwendo wa dakika kumi na mbili, ishirini kwa miguu yake ya siku hizi, na miaka yote sabini na minne aliyojaliwa ameiishi hapahapa Logroño, kaskazini mwa Hispania.

Mtu wa Logroño hatembezwi Logroño. Akiingia mtaa wa baa huingia na kundi lake, wale aliokua nao, na kila kundi lina njia yake: baa hii kwanza, ile ya pili, glasi moja ndogo ya mvinyo na kitafunio kimoja, wote wamesimama, kisha mbele kwa mbele. Asiye na kundi hana njia. Casilda hakuwahi kuwa na kundi. Alikuwa na mume aliyekuwa nalo. Na mwanamke wa umri wake akionekana peke yake anachungulia baa moja baada ya nyingine, kesho yake soko zima lingekuwa na habari, tena imetiwa chumvi. Ndiyo maana alilipia matembezi ya kula na kunywa, akajifanya mgeni katika mji uliomzaa.

Kwenye mkoba alikuwa amebeba kofia. Ilikuwa kofia bapa nyeusi ya sufu, ya mumewe Primitivo, aliyefariki Novemba, sasa ni miezi mitano. Kwa miaka arobaini na minne ya ndoa Primitivo alitoka nyumbani kila jioni saa moja kamili na kurudi saa tatu kasorobo. Casilda alikula peke yake saa mbili, akakifunika chakula cha mumewe kwa sahani. Mume hakuwa mlevi, wala hakuwa na nyumba ndogo. Angalau mwanamke mwenzako unaweza kwenda kumvuta nywele. Alikuwa na marafiki wanne, na dhidi ya marafiki wanne mke hana silaha.

Aliwajua kwa majina ya baa tu: Mashoto, Msumari, Kanali na Padri, ambaye hakuwa padri. Siku ya Komunyo ya kwanza ya binti yao Nuria, picha ya familia ilipigwa bila baba. Primitivo alifika keki imeshaliwa, na nyuma yake wale wanne, wanaimba. Casilda aliwatoa mlangoni mbele ya wageni, kisha akamgeukia mumewe akamwambia kuanzia siku ile majina ya watu wale yasitajwe nyumbani mwake. Ulimi hauna mfupa. Primitivo aliitikia kwa kichwa, na kwa miaka thelathini na moja hakuwataja. Ikifika saa moja alivaa kofia na kusema, "Natoka." Basi.

Yote hayo Casilda aliyameza. Lililomkwama kooni ni mazishi. Siku ile alisimama kanisani akingoja nyuso nne alizozichukia, na hata mmoja hakuja. Miaka arobaini na minne ya kumgawana na watu, na watu wenyewe wakakosa saa moja ya kumzika. Tangu hapo hakulala vizuri. Akiosha vyombo alikuwa akiyapanga maneno: atawakuta, ataiweka kofia mbele yao, atawaambia, "Hii hapa, malizieni." Baada ya hapo atarudi nyumbani alale. Alikuwa amechoka, na aliamini uchovu wote ule umekaa ndani ya maneno yale, akishayatema utakwisha.

Baa ya kwanza walipewa kitafunio kiitwacho ndoa: kipande cha mkate, juu yake samaki wawili wadogo, mmoja wa chumvi na mmoja wa siki, wamelala ubavu kwa ubavu. Maharusi wa Valencia walicheka wakapigwa picha. Maite akamuuliza Casilda kwa upole kama Soria wanavyo vitu kama hivyo. Casilda akamjibu kwamba ndoa zipo kila mahali, mwanangu, na kwamba yule wa chumvi ndiye anayefanya kazi yote. Aliangalia nyuso za wazee waliokuwa pale. Hawakuwa wao.

Baa ya pili ilikuwa ya masikio ya nguruwe ya kukaanga. Hapo mguu wa kushoto ulianza kumwaka kutoka nyonga hadi kisigino. Viti hakuna; mtaa ule huwa hauna viti, maana anayekaa hasogei. Maite alieleza habari za mapipa na mizabibu, mambo ambayo Casilda, binti wa mchuma zabibu, aliyajua kabla mama yake Maite hajazaliwa, lakini mtu wa Soria alipaswa kushangaa, basi akashangaa. Hata huo mshangao ulimchosha. Alianza kufikiri kwamba hasira ni mzigo wa vijana, kwamba mtu wa umri wake angekuwa nyumbani na miguu ndani ya beseni.

Walipofika mlango wa baa ya tatu, alisimama kabla hajaingia. Ni harufu. Baa ile hupika kitu kimoja tu, uyoga kwenye sahani ya chuma yenye mafuta na kitunguu saumu, na harufu hiyo Casilda alikuwa ameifua kutoka kwenye koti la mumewe wiki baada ya wiki. Alikuwa ameitoa kwa sabuni, kwa siki, kwa jua la dirishani. Sasa alijua alikofika.

Mwenye baa alikuwa Eutimio, mtu mnene wa miaka sitini na kitu, aliyegeuza uyoga bila kuutazama. Bwana wa Madrid alitafuta pa kuweka kamera yake, akaona mwisho wa kaunta, karibu na ukuta, kuna nafasi tupu ingawa baa imejaa. Alikuwa hajaweka kiwiko sawasawa Eutimio akamgutusha.

"Hapo pana wenyewe, bwana. Mpaka saa mbili na nusu."

Casilda akauliza, kama mgeni anayeuliza tu, wenyewe ni wangapi. Eutimio akasema watano.

Watano! Wameshaziba pengo. Mtu hata kaburi lake halijaota nyasi, na wao wameshatafuta wa tano. Alitoa kofia mkobani, akaishika chini ya kaunta, akaukazia macho mlango. Saa ya ukutani ilionyesha saa mbili kasoro dakika tano. Ikafika saa mbili, saa yake ya kula. Saa mbili na dakika kumi. Wakaingia wanafunzi, wakaingia wanawake watatu wenye mikoba ya kazini, wakanywa, wakatoka. Kona ilibaki tupu. Maite akaja kumwambia kwamba wenzake wameshatoka, wanaelekea kwenye mvinyo mtamu, kama yuko tayari. Casilda akamwomba dakika mbili. Hakuwa na nguvu ya kungoja tena wala ya kuondoka, akaiweka kofia juu ya kaunta.

Eutimio aliacha uyoga. Aliichukua ile kofia, akaigeuza, akapitisha kidole kwenye ukingo, mahali nondo walipotoboa na Casilda akaziba kwa uzi mwekundu kwa sababu mweusi ulikuwa umekwisha.

"Hii ya Kengele," alisema. "Umeipata wapi, mama?"

Casilda alimwambia hamjui mtu anayeitwa Kengele. Basi Eutimio akamweleza. Kengele ni mmoja wa watu watano wa kona ile, yule aliyetazama saa kwa niaba ya wenzake na kuwaambia twendeni baa nyingine, ndiyo maana wakambatiza hivyo. Jina lake la kweli Eutimio hakulijua. Mtaani hakuna anayeulizana. Tangu Novemba hajaonekana, lakini wazee wengi hupotea wakati wa baridi wakarudi majani yakichipua, na sasa ni Aprili. Kona anamwekea.

"Na wale wanne?" aliuliza Casilda.

Eutimio akawahesabu kwa vidole vyenye mafuta. Mashoto alitangulia, mwaka wa tisa huu. Padri baridi iliyofuata. Kanali alichukuliwa na mwanawe kwenda Zaragoza, akafia huko. Msumari wa mwisho, imepata miaka sita. Wote Kengele aliwazika.

Casilda alisoma matangazo ya vifo gazetini kila asubuhi, kama kila mtu Logroño, kabla kahawa haijapoa. Alikuwa amewapita wote wanne, kwa majina yao ya ubatizo, na umri, na wafiwa, akageuza ukurasa. Na Eutimio, Novemba, alilipita jina la Primitivo vilevile.

"Na yeye miaka hiyo sita alikuwa na nani?"

"Na nani tena? Peke yake." Eutimio aliipangusa kofia kwa kitambaa, ingawa haikuwa na vumbi. "Baa zote saba, kwa mpangilio uleule, kwa saa ileile. Hapa anasimama hadi saa mbili na nusu, glasi yenyewe hamalizi. Nikamwambia siku moja, Kengele, baba, si uende nyumbani ukale na mkeo. Akaniambia, nikirudi mapema ataniuliza wenzangu wako wapi, na yeye alishanikataza kuwataja."

Casilda aliishika kaunta. Miaka sita. Saa mbili yeye mezani, mbele yake sahani iliyofunikwa. Saa mbili mumewe hapa, ukutani, na glasi asiyoitaka. Kati yao dakika kumi na mbili za kutembea. Alikuwa amewashinda wale wanne muda mrefu uliopita na hakuambiwa. Hakuambiwa kwa sababu alikuwa amesema asiambiwe. Maneno yote aliyoyapanga akiosha vyombo yalimpotea, lakini uchovu haukwenda nayo, ulibaki palepale, na sasa ulikuwa wa watu wawili.

Eutimio alikuwa akimtazama. Akamuuliza Maite, kwa sauti ya chini, mama huyu ni nani, na Maite akasema ni mgeni wake, ametoka Soria. Kisha Eutimio akamgeukia Casilda mwenyewe, na kwa namna alivyouliza ilionekana ameanza kujua.

"Kengele anaumwa?"

"Alikufa Novemba. Anaitwa Primitivo." Sauti haikumtetemeka, hata kutetemeka kunataka nguvu. "Mimi sitoki Soria. Natoka hapo nyuma ya soko. Mimi ndiye niliyemkataza."

Uyoga ulianza kuungua, Eutimio akausogeza pembeni. Kisha alitoa glasi ndogo, akamimina mvinyo mwekundu hadi katikati, si zaidi, akaiweka mwisho wa kaunta karibu na ukuta, na kofia akaiweka pembeni ya glasi.

"Simama hapa, shemeji."

Maite akauliza kama amngoje. Casilda akamwambia aende, asiwacheleweshe wenzake. Akaingia kwenye kona, akaegemea ukuta mahali ambapo rangi ilikuwa imechakaa kwa mabega ya watu, mguu wa kushoto unamwaka. Alikunywa kidogo, hakumaliza. Alisimama hapo mpaka saa mbili na nusu, na hakuna aliyekuja.