Jalada Liko Juu

Fundi cherehani huyu si mgomvi. Mteja akinenepa gauni likapasuka, lawama humwangukia yeye, naye hulifumua bila neno. Lakini baba yao alipofariki, kaka yake alibadilisha kufuli ya chumba cha mbele alimokuwa akishonea. Hapo alikwenda mahakamani. Marehemu alimpa chumba hicho kwa mdomo, mbele ya shangazi yao peke yake, na shangazi sasa ni mkongwe asiyemaliza sentensi bila kutafuta pumzi.

Kesi ikawa ya kuahirishwa. Mara hakimu yuko semina, mara wakili wa kaka ana homa, homa ya ajabu, humpanda asubuhi ya kesi na kumwachia adhuhuri. Kila mara shangazi alibebwa kitini hadi kwenye korido ya mahakama isiyo na dirisha, akarudishwa nyumbani hajaulizwa hata jina. Mwishowe Fundi akaenda Mahakama Kuu, akaomba hakimu aamriwe kumsikiliza shahidi wake angali hai.

Jaji wa huko akaliitisha jalada la kesi alikague. Fundi akafurahi. Tarehe ya kesi ilipofika, karani wa mahakama ya chini akamwambia kwamba hakisikilizwi kitu. Jalada liko juu, Mahakama Kuu, na aliyesababisha lipelekwe juu ni yeye mwenyewe.

“Si ulitaka haraka, dada? Sasa vuta subira.”

Wakili wa kaka alicheka mpaka akashika tumbo. Namwomba Mola anisamehe kwa ninayowatakia watu hawa. Kumwadhibu aliyedhulumiwa kwa kuwa amebisha hodi kwenye mlango wa haki ni dhuluma juu ya dhuluma.

Fundi hakulia. Siku ile ile alimpeleka shangazi Mahakama Kuu, akamtua na kiti chake mlangoni kwa jaji. Askari akasema pale hapakaliwi.

“Sikukaa kwa kupenda, mwanangu,” shangazi akamjibu. “Mmenikalisha ninyi.”

Jaji alitoka, akawasikiliza akiwa amesimama. Akaamuru jalada lirudishwe, na shangazi asikilizwe kesho yake kabla ya shauri jingine lolote.

Kesho yake wakili akasimama kuomba ahirisho: homa. Hakimu, kwa mazoea, akashika kalamu. Fundi akainuka, akasema kwa sauti ya chini:

“Mheshimiwa, ukiandika ahirisho, andika na jina la atakayemjibu Mungu kwa ajili ya mama huyu.”

Kalamu haikugusa karatasi. Hakimu aliutazama waraka wa jaji uliokuwa mbele yake, kisha akaagiza shahidi aapishwe.

Shangazi alikula kiapo, akamgeukia kaka yake Fundi.

“Baba yako alikuachia nyumba nzima. Chumba kimoja tu alimpa dada yako. Nilikuwepo. Na wewe ulijua, maana nilikwambia mwenyewe, tungali matangani.”

Wakili wa kaka akasema hana swali. Ushahidi wote ulikwisha kabla chai ya karani haijapoa.