Gaudiosa na Mdhamini Aliyehamia Ziwani

Hadithi hii hutaiamini, na sikulazimishi. Nilipomsimulia katekista wetu alivua miwani, akaifuta, akaniangalia upya. Lakini ni kweli tupu, na mwenyewe yuko hai: Gaudiosa, mpwa wangu, karani wa dirishani katika benki ya ushirika pale Mbinga.

Benki hiyo iligawanywa mbili. Watu wa kahawa wakabaki na yao mlimani, watu wa ziwa wakapewa yao Mbamba Bay. Meza na viti viligawanyika bila kelele. Kazi ikawa kugawa watu. Wakubwa walikaa siku tatu, wakala kuku mpaka majogoo wa mjini wakawa wanawika kwa kunong'ona, ndipo wakatoa kanuni: kila mfanyakazi aende upande anakoishi mdhamini wake, yule aliyemwekea sahihi siku ya kuajiriwa.

Mdhamini wa Gaudiosa ni mimi. Nilipoweka sahihi nilikuwa naishi Kigonsera, upande wa mlimani. Baadaye nikahamia Lipingo, kule ziwani, kwa kuwa samaki wa kule walisikia sifa zangu wakaniita.

Afisa utumishi, Frederick, mwanamume wa kalamu tatu mfukoni, alimwita Gaudiosa ofisini.

"Dada, mjomba wako anaishi wapi?"

"Lipingo."

"Basi wewe ni wa ziwani."

"Mimi Mmatengo wa mlimani, kaka! Ziwani naenda kununua dagaa wa usipa tu."

"Fomu haijui usipa," akasema Frederick, akagonga muhuri.

Gaudiosa alitoka akiiwaza kahawa yake. Kwake Kigonsera ana miche mia mbili ya kahawa aliyoipanda kwa mikono yake, na msimu huu ndio inazaa mara ya kwanza. Akihamia ziwani, nani atachuma? Shemeji zake walikuwa wameshaanza kuulizia magunia, tena kwa sauti ya upole, ile ya kutisha.

Hata hivyo alishuka Mbamba Bay na barua yake. Meneja wa kule, Mama Kunigunda, aliisoma mara mbili.

"Mwanangu, tuliahidiwa watu saba: sita wamefika, na wa saba ni binti mmoja wa Liuli. Wewe wa nane nikuweke wapi? Rudi Mbinga."

"Shikamoo mama, lakini Mbinga wamenifuta."

"Marahaba. Rudi hivyo hivyo ulivyofutwa."

Akapanda tena kona zote zile za barabara ya mlimani. Kufika Mbinga, dirishani kwake amekaa Herieth, binti wa Liuli, Mnyasa Mwanglikana wa pwani ya ziwa, amevaa masweta mawili na meno yanagongana.

"Wewe, nani kakuleta kwenye baridi hii?"

"Mdhamini wangu, Mwalimu Ladislaus. Alinifundisha Liuli, akastaafu, akarudi kwao Kigonsera. Sasa na mimi eti ni wa mlimani."

Walitazamana. Mmatengo wa ziwani na Mnyasa wa mlimani! Wakacheka, lakini hakuna aliyejua leo nani asaini kitabu cha mahudhurio. Wakasaini wote. Frederick akawafuta wote.

Siku tisa Gaudiosa alikuja kazini akakaa kwenye benchi la wateja. Siku ya kumi akainuka ghafla.

"Herieth, kama wadhamini ndio wanaotuvuta, si tubadilishane? Mjomba akudhamini wewe, mwalimu anidhamini mimi."

Wakaandika barua. Frederick akapekua kanuni mbele, akapekua nyuma, hakuona panapokataza. Akatuita wadhamini.

Hapo ndipo hutaniamini. Niliingia ofisi ile saa mbili kamili asubuhi, nimevaa koti. Wakubwa wote wakasimama. Nikapiga meza hivi, wino ukaruka hadi darini, nikasema, "Mmatengo harudishwi kama gunia la mahindi!" Frederick akapiga magoti, akalia, akaniambia mzee wangu, kuanzia leo hata meneja mkuu akitaka kuhamishwa ataku—

"Mjomba! Koti gani? Ulikosa basi, ukafika saa kumi, ukasaini kwenye mstari wa Mwalimu Ladislaus, fomu zote tukaanza upya ndipo nikarudishiwa dirisha langu! Acha kuandika uongo, hebu leta hiyo kalamu. Shika kapu, kahawa yangu inaangukia chini."