Aliyeuliza Habari ya Bomba

Mpaka leo nikiukumbuka mkutano ule wa mtaa, damu inanichemka. Shoga yangu, niliyekaanga naye samaki meza moja pale sokoni Bagamoyo miaka na miaka, alisimama akauliza kwa adabu zote: "Shikamooni wazee wangu. Bomba la sokoni limekauka tangu Ramadhani. Maji yatarudi lini?"

Swali ndilo hilo tu! Badala ya kumjibu, mzee mmoja wa meza kuu akamrudishia: "Wewe mwenyewe si wa kuja tu, umeolewa kutoka Kerege?" Mwingine akadakia kwamba huko wanakoongoza wapinzani wenzake nako mabomba makavu. Wa tatu akamaliza kabisa: anayelalamikia bomba haipendi nchi, na asiyeipenda nchi lazima kuna anayemlipa. Jamani! Kutoka bomba hadi usaliti, hata dakika tano hazijapita. Watu wakacheka, wakapiga makofi. Na mimi, niliyebeba ndoo asubuhi ile ile mpaka bega likaniuma, nikapiga makofi pia. Niliogopa kuwekwa kundi moja naye.

Basi soko likagawanyika. Shoga yangu akisema samaki wa leo wamechina, wameanza kunuka, anaambiwa ana chuki na serikali. Upande wake nao wakawa vile vile: ukicheka na mwenyekiti wa mtaa, umeshanunuliwa. Loh, nilichoka mie! Unauliza hiki, unajibiwa kile. Maji hakuna aliyeyataja tena, na ndoo tukaendelea kubeba, kila kundi kwa njia yake.

Kisha mama mkwe wa shoga yangu akafariki. Kwetu, shoga wa mfiwa hangoji kuitwa: unajifunga kanga kiunoni, unaingia uani, unashika mwiko, ili mfiwa asiguse jiko. Wenzangu wa kundi letu wakanionya, "Ukienda kule, umeshahama chama."

"Nakwenda kupika wali, siendi kupiga kura!" nikawafokea, nikajitwisha sufuria langu nikaondoka.

Alinipokea vizuri tu. Nikampa pole, akaitikia. Nilipopitiliza kwenda uani, akanishika mkono taratibu, mbele ya wanawake wote waliokuwa wakimenya vitunguu.

"Kaa hapa mkekani, mgeni wetu. Chakula utaletewa."

Nikakaa. Nikaletewa wali kwenye sahani, mimi ninayejua kila sahani ya nyumba ile inawekwa wapi.