Mdai wa Kila Alhamisi

Walisema sitafika hata Mombasa, sembuse Uingereza. Walisema dresa wa kufunga vidonda hawezi kukaa darasa moja na Wazungu akafaulu. Walisema nikifaulu sitarudi, na nikirudi sitalipa. Nilifika, nikafaulu, nikarudi. Hilo la kulipa ndilo lililochelewa, kwa sababu ambayo wakati ule sikuweza kumweleza mtu. Mwenye siri hiyo ameshafariki, na kabla ya kufa aliniruhusu niisimulie mradi nisimtaje jina.

Nilirudi Arusha na diploma ya uuguzi wa maradhi ya akili. Katika utawala ule wa Waingereza, mlima mzima wa Meru haukuwa na mtu mwingine mwenye karatasi hiyo, na sioni sababu ya kulisema hilo kwa sauti ndogo. Nilipewa chumba mwisho wa jengo la zahanati mjini, meza moja na viti viwili. Kazi yangu ilikuwa kuwatibu kwa mazungumzo watu ambao dawa ya chupa haikuwafaa. Nauli na karo nilikuwa nimekopeshwa na wakulima kumi na mmoja wa kwetu, juu ya Nkoaranga, nami nilianza kuwalipa mmoja mmoja kutoka kwenye mshahara.

Mmoja wao alikuwa mzee wa kanisa, askari wa zamani aliyepigana Burma. Yeye aliuza dume lake la ng'ombe kwa ajili yangu. Alhamisi moja asubuhi aliingia chumbani mwangu, akavua kofia, akaketi.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba."

Basi. Uingereza tulifundishwa kwamba mgonjwa ndiye huanza kusema, na mganga angoje. Nikangoja. Kwetu mdogo ndiye humwuliza mkubwa habari za nyumbani, za mifugo, za kahawa, mpaka mkubwa mwenyewe afike kwenye la moyoni. Naye akangoja. Tulikaa hivyo karibu saa nzima, kila mtu akishika adabu yake. Mwishowe akasema, "Huko ulikokwenda walikukata ulimi?"

Nikacheka, nikamwuliza habari za ng'ombe. Nzuri. Za kahawa. Nzuri. Nilipouliza za migomba, aligeukia dirisha.

"Migomba siijui. Siingii."

Nyumba yake ilikuwa katikati ya migomba, kama nyumba zetu zote. Tangu arudi vitani hakuwa amelala humo. Aliishi kwa kaka yake, chini barabarani, na watu walidhani amekosana na mkewe. Kumbe ni majani. Huko Burma, mwenzake aliyetangulia alifunua majani mapana kwa mkono, na risasi ikatokea humohumo. Tangu siku hiyo, jani la mgomba likitikisika, miguu yake ilikataa. Alitaka kitu kimoja tu: kurudi kwa mkewe.

Alipotoka, karani alimkuta mlangoni. "Mzee, na wewe unaumwa?"

"Niumwe nini? Huyu ana ng'ombe wangu. Nimekuja kudai."

Watu walikiita chumba changu chumba cha wehu. Mzee wa kanisa akijulikana kwamba anatibiwa humo, neno lake lisingesikilizwa tena kanisani wala katika kikao cha ukoo.

Alhamisi ya pili nilimwekea fedha zake mezani. Mwalimu wangu kule Uingereza alisisitiza kwamba mganga na mgonjwa wasidaiane hata senti. Mzee alizisukuma zikanirudia.

"Ukinilipa, wiki ijayo nitasema nimefuata nini hapa?"

"Watu watanisema, baba."

"Watakusema. Utaweza?"

Nikazirudisha mfukoni. Mwalimu wangu hakuwahi kuishi Meru.

Walinisema kweli. Niliwalipa kumi, akabaki yeye, na kila Alhamisi alionekana akiteremka mlima kwa miguu. Sokoni mwanamume mmoja aliniita mbele ya watu, "Bwana Diploma! Mzee wa watu anamaliza viatu kwa ajili yako, huoni haya?"

"Nitamlipa."

"Utamlipa nini, Kiingereza?"

Soko zima likacheka. Hata mama yangu aliniambia niuze suti. Mimi napenda kusifiwa, sikatai, lakini nilifunga mdomo.

Nyuma ya zahanati mlinzi alikuwa amepanda migomba michache. Kila Alhamisi nilitoa viti vyetu nje, tukazungumza, na kila wiki nilivisogeza hatua moja kuielekea. Njia hiyo sikuikuta katika kitabu chochote, niliibuni mwenyewe. Waliotuona walisema tunagombania ng'ombe. Siku moja upepo ulivuma, jani likamgusa bega. Alinikamata kola kwa nguvu hata kifungo kikaruka. Nilibaki nimekaa. Aliponiachia alisema, "Leo inatosha," akaondoka.

Alhamisi mbili hakuja. Sikuweza kumfuata, maana ni mdeni gani humfuata mdai wake nyumbani mikono mitupu? Nilijiuliza kama nilikuwa nimefanya haraka, na nadhani nilifanya. Ya tatu akatokea, akabeba kiti chake mwenyewe, akakiweka chini ya majani.

"Mdai huchoka," alisema, "lakini hasamehi."

Baada ya kahawa kuchumwa, alikuja bila kuketi. "Sasa nalitaka deni langu. Si fedha, nataka dume. Uniletee Jumamosi, nyumbani."

"Kwa kaka yako?"

"Nimesema nyumbani."

Nilinunua dume mnadani, nikalipandisha mlima kwa kamba, mimi na diploma yangu na suti yangu. Watu walitoka mashambani wakanifuata wakipiga vigelegele vya mzaha. Barabarani nilipita kwa kaka yake. Mlango ulikuwa umefungwa, na sikujua kama mzee yumo ndani, ameshindwa. Nikaingia kwenye kijia cha migomba. Upepo ulikuwepo, majani yalikuwa yakisuguana.

Alikuwa ameketi mbele ya mlango wake, kofia gotini. Jasho lilimtoka, lakini alikuwa ameketi.

"Hodi, baba."

"Karibu."

Aliinuka, akalizunguka dume, akalipapasa mgongo. "La kwangu lilikuwa na nundu kubwa kuliko hili."

"Hili ndilo nililolipata."

"Haya. Mashahidi mpo? Simdai tena."

Watu wakapiga makofi, na yule mwanamume wa sokoni akanipa mkono. Wakasogea kumtazama ng'ombe, wakabishana juu ya umri wake. Mkewe alitoka na kibuyu cha maziwa. Alinikabidhi, akaushika mkono wangu kwa mikono yake miwili, akakaa nao muda mrefu. Kisha akaenda kulifunga dume kwa kamba kwenye mgomba.