Araksi Anasubiri Jina Lipite

Saa tatu asubuhi, mtoto wa dubu anaanguka kutoka juu ya paa. Araksi Melkonian anamtazama kwenye skrini, anagusa kinanda chake, anafuta muziki wa huzuni, na dubu anaanguka tena. Safari hii anaanguka na filimbi. Nimekaa pembeni ndani ya gereji ya mama yake hapa Glendale, kikombe cha kahawa mkononi, nikajikuta nacheka peke yangu kama chizi.

"Umeona?" ananiambia. "Mwanzo ulimhurumia, sasa unamcheka. Na dubu ni yuleyule."

Hiyo ndiyo kazi yake, kutunga muziki wa filamu na katuni. Ana miaka hamsini na mbili, na sehemu kubwa ya maisha hayo ameandika kwa ajili ya watunzi wakubwa waliomwajiri. Muziki ulikuwa wake, jina lilikuwa lao. Katika mji huu wa watu wa filamu ni jambo la kawaida.

Yeye halalamiki. "Walinilisha, wakanifundisha. Mungu awazidishie."

Anayelalamika ni mama yake, Bi Satenig. Sinema ikiisha, watu wakiinuka, bibi huyu hubaki kitini akisoma majina ya waliotengeneza filamu yanayopita kwenye skrini, mpaka taa ziwashwe. Kisha humgeukia binti yake: "Haya, wewe ulikuwa wapi?"

Ndiyo maana mwaka jana, Araksi alipopewa filamu ndefu ya katuni kwa jina lake mwenyewe, nyumba nzima ililia. Ilikuwa hadithi ya ndege, korongo mchanga anayemuaga mama yake.

Kumbe kulikuwa na mtihani. Wakati picha bado zinaunganishwa, mwongozaji hubandika muziki wa kuazima kutoka filamu nyingine, ili asitazame kimyakimya. Mtunzi akileta wake, ule hutolewa. Sasa Wendell Kuroda, mwongozaji wa filamu hii, alikuwa ameusikia ule wa kuazima mwaka mzima kwenye tukio la kuagana, na akipenda, chongo huita kengeza. Araksi akaleta wimbo. Mzuri, akaambiwa, ila si ule. Akaleta mwingine. Si ule.

Mwishowe watayarishaji wakamweleza wazi: siku ya kurekodi, Wendell asiporidhika, ataitwa mtunzi mwingine. Na jina la Araksi lingeondoka.

Siku ikafika. Akasimama mbele ya okestra, roho mkononi, akainua mikono. Wakapiga vizuri. Korongo akainamisha kichwa, fidla zikatulia, muziki ukaisha.

Picha haikuisha.

Tukio lilikuwa limerefushwa. Picha mpya alitumiwa, lakini kwa kubadilisha na kubadilisha tena wimbo, alikuwa ameuandikia ile ya zamani. Korongo akaendelea kutembea kuelekea ukingoni mwa picha bila sauti yoyote, mama yake akimwangalia.

"Nilishindwa hata kushusha mikono," anakumbuka. "Nikasema moyoni, nimekwisha."

Mle ndani hakuna anayepiga makofi, kwa kuwa vinasa sauti viko wazi. Wapigaji wakifurahi, husugua viatu sakafuni. Araksi akasikia kiatu kimoja upande wa fidla. Kisha kingine. Kisha chumba kizima.

Wendell akatoka nyuma ya kioo cha chumba cha mitambo, macho mekundu, akamuuliza alipata wapi ujasiri wa kumwacha yule ndege kimya. Mwingine angeimeza sifa hiyo akanyamaza. Araksi hakuweza.

"Ujasiri gani, bwana? Nimekosea. Nimeandikia picha ya zamani."

Wendell akajifuta pua kwa mkono wa shati. "Basi usirekebishe. Mwaka mzima sijawahi kumsikia huyu ndege akinyamaza."

Dubu wa leo pia ni wa Wendell. Araksi anasema hajui amshukuru nani kwanza, ila akilala huwakumbuka wale wenye viatu, kwa sababu walimtetea kabla hajafungua mdomo kujitetea.

Filamu ya korongo inatoka Novemba. Mpango wake ni mmoja tu: kukata tiketi za safu nzima kwa ajili ya ukoo, na mtu asiinuke. Bi Satenig, aliyetuletea sahani ya lahmajun za moto, mikate myembamba yenye nyama ya kusaga, ameshachagua gauni.

Araksi anamtahadharisha kwamba majina ni mengi, na lake litapita upesi sana.

"Lipite litakavyo, mwanangu," anajibu bibi, akinisogezea sahani. "Unafikiri miaka yote ile nilikuwa nafanya nini pale kitini? Nilikuwa najizoeza kusoma haraka."