Mpira Ambao Gitonga Hakuupiga

Zachariah Gitonga aliwahi kuwa mchezaji gofu wa kulipwa, ingawa hilo neno "kulipwa" lilibeba matumaini kuliko pesa. Alianza walivyoanza wengi wa aina yake: mtoto wa Nyeri anayebeba mifuko ya wanachama wa klabu, na wanachama wakishaingia ndani kunywa, anajifunza kwa fimbo moja iliyotupwa. Baadaye akawa mwalimu wao. Alisoma mahali kwamba waliomtangulia katika kazi hiyo, Waskoti wa miaka mia moja iliyopita, waliwafundisha matajiri kupiga mpira kisha wakaenda kula jikoni, kwa kuwa mlango wa mbele haukuwa wao. Habari hiyo ilimfurahisha sana. Yeye pia chai yake aliinywa nyuma ya duka la fimbo. Alijiona ameingia katika ukoo.

Alishinda mara moja, Uganda, na picha yake ikatoka gazetini. Halafu ikaja siku ya Nairobi. Shimo la mwisho, mpira umesimama karibu na tundu, umbali wa mkono, na mikono ikaanza kumtetemeka. Akakosa. Daktari alimhakikishia kuwa hana ugonjwa wowote, akamwambia kwa furaha, kama mtu aleteaye habari njema. Mipira ya mbali aliendelea kuipiga hadi watu wakashika vichwa. Ile ya karibu, ambayo bibi mwenye miwani angeisukuma kwa mwavuli, ilimshinda. Mchezaji asiyeweza kumalizia ni kama padri asiyeweza kusema amina: misa ni nzuri, lakini watu hawawezi kwenda nyumbani.

Mkewe Eve, muuguzi, alipopata kazi Stockholm, Gitonga hakubishana. Walipanga nyumba katika mji mdogo wa Märsta, naye akaajiriwa uwanja wa ndege kupakia mizigo. Kila vuli Waswidi husafiri na mifuko yao ya gofu kwenda Hispania, na anayeinyanyua ni Gitonga. Alianza maisha akibeba mifuko ya gofu. Sasa anaibeba akiwa na bima na likizo. Hayo ndiyo maendeleo.

Wakenya wa huku walimwita Pro. Picha ya gazeti aliitundika sebuleni, na kila mgeni aliyekula chapati pale aliipata hadithi ya Uganda. Hadithi ya Nairobi haikutundikwa. Kila kiangazi, Wakenya na Waganda walipocheza kugombea birika la chai lililopakwa rangi ya dhahabu, Pro aliombwa acheze, na kila kiangazi mgongo wake uliuma kuanzia Ijumaa.

Mwaka huu bintiye Daisy, anayemaliza shule ya sekondari, aliwahi kujibu kabla ya mgongo.

"Pappa spelar," aliwaambia. Baba atacheza. "Sijawahi kumwona akicheza."

Basi Jumamosi wakakutana kwenye uwanja mmoja nje ya Märsta, wawili kwa wawili. Upande wetu walikuwa Gitonga na Humphrey, mhandisi anayepiga mpira kana kwamba umemtukana mama yake. Upande wa Uganda walikuwa Conrad, dereva wa basi, na shemeji yake Yosefu, aliyenunua glovu mpya na kuhakikisha kila mtu ameiona. Sisi wengine tulifuata nyuma na termosi zetu, tukizungumza kwa sauti ya chini ambayo Waswidi hutunzia mazishi.

Shimo la kwanza Gitonga aliupiga mpira ukapaa juu ya misonobari, ukakaa huko kwa muda, ukashuka mahali alipokuwa ameuonyesha kwa kidole.

"Yesu wangu!" akasema Conrad. "Yosefu, rudisha glovu dukani."

Daisy alikuwa akicheka. Halafu walifika kwenye grini, zile nyasi zilizonyolewa kuzunguka tundu, na baba yake akainama juu ya mpira mfupi. Mabega yakapanda. Mikono ikaruka kama iliyoguswa na umeme, mpira ukapita pembeni.

"Nyasi zina maji," akasema Humphrey.

Shimo lililofuata nyasi zilikuwa na mteremko. Kisha zilikuwa na upepo. Kufikia katikati ya mchezo Humphrey aliishiwa na makosa ya nyasi, nasi tukaanza kupendezwa sana na ndege. Kila walipokaribia tundu tulitafuta ndege. Ni Daisy tu aliyeendelea kumtazama baba yake, simu ikiwa mfukoni. Asubuhi alikuwa ameishika tayari kumpiga picha.

Hata hivyo, kwa mipira ile mirefu ya Gitonga na hasira za Humphrey, pande zilifika shimo la mwisho zikiwa sawa. Humphrey akaupeleka wake ziwani. Waganda walimaliza. Ukabaki mpira wa Gitonga, na ulikuwa umesimama umbali wa mkono. Ukiingia, birika ni letu. Urefu ule ule wa Nairobi. Anayepanga mambo haya hana ubunifu.

Gitonga alisimama juu ya mpira. Aliondoka. Akarudi. Fimbo ilikuwa inatetemeka kabla hajaisogeza, na jasho lilimdondoka puani. Hakuna aliyepata ndege wa kutazama.

"Chukua, mzee," akasema Conrad kwa upole. "Hiyo imeingia."

Wasiocheza waelezwe: wanapopambana upande kwa upande, mshindani anaweza kukuhesabia mpira wa karibu bila wewe kuupiga. Ni adabu ya kale ya mchezo. Na kwa sheria, ukishapewa huwezi kukataa. Gitonga, aliyewafundisha watu sheria hizo, aliijua hiyo kuliko wote. Alibaki ameinama kidogo, kisha akauokota mpira na kuutia mfukoni.

Tulishangilia mno. Watu wenye aibu hupiga makofi kwa nguvu.

Kwenye meza za chakula alikabidhiwa birika, akaombwa aseme neno, akasema asante. Alikuwa akienda na Daisy kuchukua viatu vyake nyuma ya kibanda waliposikia sauti ya Yosefu upande wa pili.

"Umewapa birika bure! Angekosa yule! Hata wewe ulijua!"

"Nilijua," akajibu Conrad.

"Sasa?"

"Sasa ulitaka nisimame pale nimwangalie? Mtoto wake yuko pale, ssebo. Birika nitakununulia."

Watu husahau kwamba Daisy, anayejibu Kiswidi, anasikia Kiswahili chote.

Walitembea hadi kituo cha basi. Gitonga alilifunika birika kwa koti, lakini mdomo wa birika ulichomoza.

"Nibebee hili," alimwambia bintiye.

Akalibeba. Baada ya hatua kadhaa akauliza, kwa Kiswahili, jambo ambalo lilimtisha baba yake zaidi ya swali lenyewe: "Ungeingiza?"

"Mgongo wangu..." akaanza Gitonga. Kisha akasema, "Hapana."

"Najua."

"Umejua leo?"

"Si leo. Nikirudi mapema kutoka shuleni nakusikia kwenye korido. Unapiga mpira kwenye kikombe. Kila mara nausikia ukigonga kabati la viatu." Akalihamishia birika mkono wa pili. "Nikisikia hivyo narudi chini kwanza. Nakaa nje mpaka uache."

Gitonga alitazama barabara. Alikuwa ameificha Nairobi nyuma ya kila chapati iliyoliwa nyumbani kwake, na mtoto alikuwa ameketi nje kwenye baridi, akimsaidia kuificha.

Basi likaja. Dereva, Mswidi mwenye ndevu, akaliona birika la dhahabu likichungulia kotini.

"Grattis!" akasema. Hongera.

Gitonga alifungua mdomo. Ilikuwa nafasi nzuri ya kusema ukweli kwa mtu ambaye hangemjali.

"Tack," akashukuru Daisy upesi, kwa niaba yake, akamsukuma taratibu aingie ndani.