Folda Niliyoiandika Usiguse

Asikudanganye mtu, mhariri wa filamu hafuti kitu. Anakata, anaweka pembeni, maana anajua kesho mwongozaji atabadili mawazo aanze kumsumbua. Mimi vipande vyangu nilivitunza kwenye folda niliyoiandika USIGUSE, na ndiyo iliyoniponza.

Tulikuwa tunatengeneza filamu ya akina mama wanaoanika dagaa Igogo. Mwongozaji alikuwa rafiki yangu wa miaka mingi, harusi yake niliisimamia mimi. Siku moja tulimhoji mama mmoja mjane. Alipomaliza, kamera haikuzimwa. Akanigeukia, kwa kuwa sote ni Wakerewe, akanisimulia kwa lugha yetu jinsi mumewe alivyofia ziwani. Shemeji yake, mwenye mtumbwi, alijua injini inazimika ovyo, akamlazimisha aende hivyo hivyo. Na dagaa wa kuanika, mama huyu alikuwa akiwapata kwa shemeji huyo huyo.

Baada ya siku mbili alinifuata ofisini Mkuyuni. Akaniomba niyatoe maneno yale, kwani shemeji akiyasikia, yeye na wanawe watakula nini? Nilikuwa nimeshayatafsiri kwa ajili ya maandishi yanayopita chini ya picha. Nikayatoa mbele ya macho yake, yakaingia kwenye folda ile.

"Mama, nimefuta," nikamwambia. Mwongozaji alikuwepo, akatikisa kichwa kukubali.

Wiki ya mwisho ya kazi nilikwenda Ukerewe kumuuguza mama yangu, nikamwachia rafiki yangu kompyuta. Ningemwachia nani mwingine?

Filamu ilionyeshwa Jumamosi mchana, kwenye ukumbi mmoja Kirumba. Shemeji alikaa mbele na wageni waalikwa, shati limenyooshwa pasi. Mimi natabasamu kama mjinga. Mara nikaisikia sauti ya yule mama, kwa Kikerewe, na chini yake tafsiri yangu neno kwa neno, hata nukta niliyosahau kuiweka bado haipo. Shemeji alisimama, akavaa kofia yake, akatoka.

Nilimvaa rafiki yangu pale mlangoni. Alinijibu kwamba bila kipande kile filamu haikuwa na uhai, na eti nitakuja kumshukuru. Kweli kikulacho ki nguoni mwako. Nilimtukana, sifichi, na mpaka leo hatusalimiani.

Jumatatu nikaenda Igogo. Chanja za majirani zilijaa dagaa, za yule mama zilikuwa tupu. Njia nzima nilikuwa nimejipanga: nitamwambia nimesalitiwa, si mimi, ni yule. Nikamwamkia shikamoo. Akaendelea na kazi yake. Alikuwa anakung'uta wavu usio na kitu.

"Mwanangu," akasema, "uliniambia umefuta."

Habari ya kusalitiwa nikaiacha hapo hapo; folda ile niliiandika mimi mwenyewe.